Udongo wa Shurushuru

Mama,

Nianze na ile habari unayoingoja kuliko zote: ni msichana. Ana mashavu yako, ana hasira zako akicheleweshewa maziwa, na kichwa ni cha ukoo wa Bahati, yaani kikubwa. Nilipolisema hilo mbele ya huyo mume wangu akajitetea kwamba kichwa kikubwa ni cha kuwekea akili. Nikamwambia basi kwake yeye nafasi bado ipo tele. Alinuna mpaka chakula kilipoiva, halafu akasahau.

Nakuandikia nimeketi kwenye kibao chako cha mlangoni. Cherehani iko kimya, mtoto amelala ndani, na ziwa leo limetulia. Ukiona sentensi imekatika katikati ujue ameamka.

Habari ya pili ni ya jina. Hiyo sikupi sasa hivi. Wewe mwenyewe ulinifundisha kwamba mnunuzi aonjeshwe kwanza kipande cha jibini, ndipo aoneshwe fromaji nzima. Sasa leo mnunuzi ni wewe. Tulia.

Unakumbuka ugomvi ulivyoanza. Mimi nakumbuka kila kitu, kwa sababu ugomvi wenyewe ulikuwa juu ya jani. Hapa mtaani Keshero kila mtu analijua, lile jani la kijani lenye meno kama kitana, linaloota kwenye nyufa za mawe ya lava hata pale ambapo hakuna mtu aliyeweka chochote. Walimu wetu waliliita fujere kwa Kifaransa chao. Kitabu cha Kiswahili cha shuleni kiliandika kangaga. Wewe uliliita shurushuru kama mama yako alivyoliita kule milimani Masisi, na tangu nijue kusema sijawahi kulisikia kinywani mwako likiwa na maana moja tu. Hata la milimani, lile refu linalofika kiunoni, na hili fupi la kwenye lava, kwako yalikuwa watoto wa tumbo moja. Sijui kama wataalamu wa majani wangekubali. Hukuwauliza.

Asubuhi ulipopanga fromaji za Masisi kwenye kikapu chako cha sokoni, ulitandika kwanza majani mabichi chini, ukafunika na mengine juu, ili zisipate joto wala nzi. Basi shurushuru ikawa ni kitandiko. Lakini haikuishia hapo. Nilipoweka gazeti chini ya droo ya cherehani ulisema nimetia shurushuru. Nilipotandika kanga kitandani kabla ya shuka, hiyo nayo ilikuwa shurushuru. Nilipoanza kushona gauni la watu bila kukata karatasi ya kipimo, ulinitazama tu ukasema, "Weka shurushuru kwanza." Na Bahati alipokuja kujitambulisha, akaanza moja kwa moja kuzungumza mambo ya harusi kabla hata ya kuuliza habari za afya yako, ulinigeukia mbele yake ukaniuliza kama huyu kijana kwao hawatandiki shurushuru. Maskini alitazama chini ya kiti chake.

Halafu kulikuwa na ile maana ya parsele yetu, kiwanja hiki cha nyumba. Watu wote wa mtaa walikuwa waking'oa shurushuru kwao, wewe ukiifuga. Maji ya kuoshea vyombo uliimwagia, na majivu, na maganda ya ndizi. Jirani akikuuliza kwa nini unalea majani pori, ulisema unamlea mgeni aliyekubali kukaa kwako bila kuuliza kama kuna udongo. Ulipopata kama kiganja kimoja cha udongo mweusi kati ya mizizi yake ulichomeka mbegu za lengalenga, na lengalenga zikaota, tukala. Tulikula mboga juu ya jiwe, Mama. Nilipokuwa mdogo nilidhani watu wote hufanya hivyo.

Upande wa pili wa ugomvi alikuwa Muzee, baba yake Bahati. Kwake yeye jina hilo hilo ni tusi. Mfugaji wa Masisi akiambiwa kwamba kwake kumeota shurushuru, ameambiwa kwamba yeye ni mvivu, malisho yake yamemshinda, ng'ombe wake wanakula sumu na mke wake hana maziwa ya kukupa ukimtembelea. Unakumbuka siku tulipokwenda kumwona mara ya kwanza kule Kanyaruchinya, wakati alipokuwa bado amekimbia vita, analala chini ya hema la turubai. Ulimpelekea fromaji nzuri kuliko zote, umeifunika kwa majani yako mabichi. Akaondoa jani moja moja, akayatupa nje ya hema, ndipo akashika kikapu kwa mikono miwili na kushukuru. Nilitaka ardhi inimeze. Wewe ulitoka nje, ukayaokota yote, ukayafunga kwenye kitenge chako huku ukimwambia kwa adabu kubwa kwamba kikapu ni zawadi ila kitanda cha fromaji unarudi nacho. Muzee alicheka mpaka akakohoa. Tangu siku hiyo mliitana mashemeji wa majani.

Lakini aliporudi kwao alikoma kucheka. Bahati alikwenda naye. Alinisimulia kwamba walipofika kwenye kilima hawakuona mahali pa kuingilia. Boma lote la Muzee, rugo yake aliyoachiwa na baba yake, lilikuwa limefunikwa na shurushuru mpaka kiunoni. Zizi halikuonekana. Mahali pa jiko hapakuonekana. Muzee alisimama na fimbo yake akitafuta kizingiti cha mlango kwa mguu, kama mtu anayetafuta kiatu gizani. Hakuingia. Walijenga kibanda upande wa pili wa mto, na Muzee akakataa kabisa kurudi kwenye ile rugo. Alisema majani yameila.

Ndiyo maana ulipompigia simu siku ile tuliyotoka kupiga ekografi, ile picha ya mtoto tumboni, sikushangaa alivyojibu. Daktari alikuwa ametupa picha, nami sikuona kitu ila mawingu. Wewe uliishika, ukaigeuza, ukaiweka kwenye mwanga wa mlango, halafu ukapiga kelele kidogo kama mtu aliyeona ndugu yake sokoni.

"Huyu njo shurushuru. Muangalie vile anajikunja."

Na kweli, Mama. Kichwa kimeingia ndani, mgongo umezunguka, mfano halisi wa jani changa kabla halijafunguka. Uliichukua ile picha ukatoka nayo nje, ukachutama ukutani, ukailinganisha na kichipukizi kimoja cha shurushuru, ukaita majirani waje waone. Mama wa watu wa nyumba ya pili akakwambia kwamba hata mbwa akilala hujikunja hivyo. Hukumsemesha mpaka Jumapili.

Jioni ile ukampigia Muzee kumwambia kwamba mjukuu wenu amepatikana na jina lake limepatikana. Ulikuwa umeweka sauti ya juu, tukasikia sote. Ukamtajia. Halafu akasema polepole, bila ukali, "Mama Riziki, miye siwezi kuita mujukuu yangu jina ya kile kitu kilikula rugo yangu." Hukumcheka. Ulimwambia tu kwamba mtoto bado yuko tumboni na kilima bado kiko mahali pake, mtazungumza. Ulipokata simu ukaniambia nisilitupe hilo jina, nilitunze, na nisilitumie kwa nguvu. Kwa desturi yetu mtoto wa kwanza hupewa jina na babu wa upande wa baba. Bila kinywa chake jina lingekuwa la mtaani tu.

Hamkuzungumza. Presha ilikuchukua siku ya soko, kikapu kimeshapangwa, majani juu. Niliziuza fromaji zile mwenyewe siku ya kuanua matanga kwa sababu nilijua ungeniuliza zimeharibikaje. Nililia nikizipima. Mnunuzi mmoja alilipa zaidi, nikamrudishia zake, akanishukuru, nikalia tena. Basi hapo. Hiyo sehemu sitaki kuikalia sana leo, leo nina furaha.

Muzee alikuja kukuzika. Alitupa mawe ya lava kaburini kwa mkono wake, kwa kuwa unajua makaburi yetu, udongo hautoshi, mtu anafunikwa kwa mawe. Hakusema neno juu ya jina. Na mimi sikuthubutu.

Sasa nisikilize vizuri, maana hapa ndipo mambo yanapoanza.

Mtoto alipozaliwa tulimtumia Muzee habari, naye akasema atashuka kwa siku ya kumwita jina, siku ya nane, na atakuja na maziwa. Mama mdogo Veredi alipanda moto, pikipiki ya abiria, kutoka Kibati kuja kunisaidia. Unamjua mdogo wako. Mkono wake ukishika fagio hautulii. Mimi nilikuwa ndani na mtoto, kama inavyotakiwa, mzazi hatoki mpaka siku hiyo. Nilisikia wanawake wa mtaa wakiimba nje, nikasikia mafagio, nikasikia maji yakimwagwa, ndoo kwa ndoo. Nikasema moyoni kwamba Mungu ambariki mama mdogo, anataka wakwe wakute nyumba safi.

Asubuhi ya sherehe nikafungua dirisha.

Mama, hapakuwa na jani hata moja! Aling'oa shurushuru yako yote. Ile ya ukutani, ile ya nyuma ya choo, ile ya karibu na tangi, bustani yako yote ya miaka na miaka. Parsele ilikuwa jiwe tupu, jeusi, limesuguliwa, linang'aa kama sufuria siku ya harusi. Na mama mdogo amesimama katikati yake ameshika kiuno, anatabasamu, anangoja nimsifu.

Nikamsifu. Ningefanyaje? Alikuwa na malengelenge kwenye viganja. Nikamsifu, nikafunga dirisha, nikamwambia mtoto kwa sauti ya chini kwamba bibi yake mdogo amefanya kazi kubwa sana. Nilitaka kulia na nilitaka kucheka, na mshono wangu wa uzazi ulikuwa haujapona, kwa hiyo vyote viwili viliuma.

Kosa lenyewe hatukuliona bado. Tuliliona watoto walipofika.

Unajua siku ya kumwita mtoto jina kazi ya kwanza ni ya watoto. Wanaitwa wa mtaa mzima, wanapewa majembe madogo, wanalima kipande cha ardhi kwa ajili ya mtoto, ili naye awe mtu wa kulima na kuvuna. Wakiwa wanalima mtu anawarushia maji na kusema mvua inakuja, wanatupa majembe na kukimbilia ndani, wanakula maharagi kwenye sahani moja kubwa, kisha kila mmoja anampa mtoto jina lake analolitaka. Baada yao ndipo mkubwa analitoa jina lenyewe. Bila kulima hakuna mvua, bila mvua hakuna chakula, bila chakula hakuna jina. Kule milimani nani angewaza juu ya udongo? Udongo upo tu. Mama mdogo alikulia kule, akafikiri kama mtu wa kule. Alisafisha, na alipomaliza kusafisha hapakubaki hata mahali pa kuzika mbegu ya nyanya.

Watoto wakapanga mstari na majembe yao. Wa kwanza akainua, akapiga. Ko! Jembe likaruka. Wa pili akapiga, ko. Mmoja akasema jembe lake limetoa moto, basi wote wakataka kuona moto, ikawa ko, ko, ko, mpaka mtoto wangu akaamka akaanza kulia. Bahati alikuwa amekwenda kutafuta mtu wa chukudu, ile baiskeli ya mbao ya mizigo, amletee gunia la udongo, na mtu wa chukudu alikuwa ameahidi tangu asubuhi na hajaonekana.

Ndipo Muzee akaingia na bidoni lake la maziwa.

Alisalimia wote kwa utaratibu wake. Akatazama lava inayong'aa, akatazama watoto, akauliza, "Sasa batoto balime wapi?" Mmoja akapiga tena jiwe ili aone, ko. Mama mdogo alikuwa ameelewa tayari. Uso wake, Mama, ungemhurumia. Alijifunika mdomo kwa kitenge, akaingia ndani, akaketi karibu na kitanda changu akasema ameua sherehe. Nikamwambia hajaua kitu, lakini kwa kweli sikujua tutafanya nini. Mkwe ametoka Masisi na maziwa, na sisi hatuna hata ardhi ya kumkaribishia mtoto. Nikajiambia atalitoa jina lolote upesi upesi, kwa aibu, kisha ataondoka, na lile ulilonipa nilitunze litabaki kinywani mwangu peke yangu.

Nilikuwa dirishani, kwa hiyo haya niliyaona kwa macho yangu. Muzee alikwenda kukaa pembeni penye kivuli. Penye kivuli ndipo walipokuwa wamelitupa lundo la shurushuru, refu kama kitanda, limeanza kunyauka. Alilitazama sana. Nilidhani atahama akae kwingine. Akanyoosha mkono, akavuta shina moja, akaligeuza mizizi juu. Akalipiga kwenye jiwe mara moja, kama mtu anayekung'uta kiatu.

Udongo ukaanguka. Mweusi, laini, kama kahawa iliyosagwa.

Akavuta shina lingine, akapiga. Akaushika ule udongo, akaunusa, akausugua kati ya vidole. Mfugaji na mkulima, unawajua, udongo mzuri wanausoma kwa vidole. Halafu akamwita mtoto mmoja akae karibu naye, akamwonesha jinsi ya kukung'uta. Akaja wa pili. Baada ya muda kidogo watoto wote wameketi chini kuzunguka lundo, kila mmoja na shina lake, wanapiga, wanashindana, wamepakaa udongo mpaka kwenye nyusi, na Muzee katikati yao amevua koti lake la sherehe. Nilimtuma mama mdogo na beseni. Lilijaa. Akaleta la pili. Miaka yote ile ya maji ya vyombo na majivu yako, Mama, ilikuwa imekaa pale kwenye mizizi, imeshikwa, haikupotea hata chembe. Mama mdogo alikuwa ameng'oa na bustani na udongo wake, akavitupa vyote pamoja, na vyote pamoja vilikuwa vizima.

Walijaza lile shimo dogo kati ya mawe mawili, pale ulipokuwa ukiketi kuosha vikombe. Watoto wakalima. Zamu kwa zamu, kwa kuwa shimo lilitosha majembe mawili tu kwa wakati mmoja, na hakuna aliyekubali kuondoka kwenye zamu yake. Mama mdogo akapanda kwenye kiti na kikombe cha maji akawanyeshea mvua. Alinyesha kwa hasira zote za asubuhi ile. Hata Muzee alilowa.

Walikula. Maharagi yaliisha kabla sisi wakubwa hatujaonja. Halafu wakapita mmoja mmoja kumpa mtoto jina. Mama, umekosa. Ameitwa Biskwi. Ameitwa Prezida. Ameitwa Moto-wa-Jembe, na yule aliyeona cheche. Mmoja mdogo sana alifika mbele yake akasahau, akamwita jina lake mwenyewe, akarudi kukaa akiwa ameridhika. Tulicheka mpaka nikashika mshono wangu kwa mikono miwili.

Wakageukia kwa Muzee. Mikono yake ilikuwa bado nyeusi, alikataa kunawa. Niliwekewa kiti mbele yake na mtoto mapajani. Akaniuliza mimi, si Bahati, kwamba mama yangu alikuwa analiitaje jani lile. Alijua. Alitaka nilitaje mbele ya watu. Nikalitaja. Sauti yangu ilikuwa ndogo.

Halafu akasema, na nakuandikia kama alivyosema, sijapunguza wala sijaongeza:

"Kule kwetu nilizania inakula udongo. Kumbe ilikuwa inauchunga."

Akamchukua mtoto, akamwekea kidole chake cheusi kwenye paji la uso, ikabaki alama ndogo ya udongo pale. Akasema, "Huyu ni Shurushuru. Mujukuu wa Mama Riziki, na wangu."

Vigelegele vilivyopigwa, nadhani ulivisikia. Mimi nililia waziwazi, na Bahati alilia, anakana. Padri amembatiza baadaye Anjela, hilo ni la cheti, nyumbani hakuna anayelitumia. Hata hivi karibuni jirani yule wa mambo ya mbwa alipita akauliza Shurushuru amelala? Nikamwambia ndiyo, amejikunja. Akacheka, akaomba radhi yako.

Hayo ni ya hapa. Sasa ya milimani, ndiyo hasa yaliyonifanya nichukue kalamu.

Muzee alirudi kwao akiwa hasemi mengi. Juzi akapiga simu. Nilisikia upepo na sauti ya panga. Alisema yuko kwenye rugo yake. Ameingia. Amefyeka kuanzia kwenye njia, amekikuta kizingiti, amekuta mawe matatu ya jiko la marehemu mke wake yamekaa kama alivyoyapanga. Chini ya shurushuru hakuna kilichoibwa. Nikamuuliza hali ya ardhi. Alicheka kile kicheko cha kukohoa, kile cha hema la Kanyaruchinya, akasema, "Udongo iko. Iko mingi."

Anapanda maharagi wiki hii. Ameacha mstari mmoja wa shurushuru kando ya zizi, hajaufyeka. Anasema huo ni wa shemeji yake wa majani, asije akashuka kutoka huko juu kumdai kitanda cha fromaji.

Basi Mama, ameamka, namsikia, nina dakika chache tu. Nikuage kwa ahadi, kama ulivyotaka watu waagane kila mara, wasiondoke mikono mitupu.

Maharagi ya Muzee yakikomaa tutampandisha Shurushuru kwenye kilima, akanyage rugo ya babu yake kwa nyayo zake mwenyewe, au angalau atambae. Parsele yako nimeianza upya: mama mdogo mwenyewe amerudisha mashina yaliyokuwa bado hai kwenye nyufa, na kila akija anayamwagia maji ya vyombo, hataki mtu mwingine ayaguse. Kikapu chako nimeanza kukipeleka sokoni Jumamosi. Natandika kwanza.

Na kaburi lako. Juma lililopita tulikwenda kukusalimia, mama mdogo akaliona jani moja limechomoza kati ya mawe, upande wa kichwani. Mkono wake ukaanza kwenda, ule mkono wake unaoujua. Ukasimama wenyewe. Akanitazama, nami nikamtazama, tukaketi chini sote wawili na mtoto katikati.

Halitang'olewa, Mama. Nakuahidi. Wewe lala. Jani lako bado ni changa, limejikunja, bado halijafunguka.

Mwanao,
Riziki